Vita vya Nne vya Msalaba: Umsome Nani Kwanza, Villehardouin, Robert de Clari au Niketas?

Mtu akitaka kuvijua Vita vya Msalaba kutoka kwa watu walioishi navyo, hupewa majina mengi kwa mkupuo mmoja: Fulcher wa Chartres, Anna Komnene binti wa Kaisari, Ibn al-Qalanisi wa Damasko, William askofu mkuu wa Tiro, Joinville rafiki wa mfalme wa Ufaransa. Wote wanafaa. Lakini msomaji mgeni akiwapokea pamoja hupotea, kwa sababu wengi wao wanasimulia vita tofauti, miaka tofauti na miji tofauti, na ni vigumu kumpima mmoja kwa maneno ya mwenzake.

Ndiyo maana ushauri wangu ni kuanza na vita vya nne. Hivi ndivyo vilivyoitishwa na Papa Innocent III mwaka 1198 ili Yerusalemu irudi mikononi mwa Wakristo, baada ya Salahuddin kuitwaa mwaka 1187. Havikufika Yerusalemu. Viliishia Konstantinopoli, Istanbul ya leo, mji mkuu wa Wakristo wa Mashariki, ambao Wakristo wa Magharibi waliuteka na kuupora Aprili 1204. Juu ya tukio hilo wapo mashahidi watatu walioacha vitabu: mmoja aliyeshiriki kulipanga, mmoja aliyepigana bila kuulizwa ushauri, na mmoja aliyeporwa.

Geoffroi de Villehardouin alikuwa marshali wa Champagne, Ufaransa, yaani msimamizi wa majeshi ya mtawala wa jimbo lile. Alikaa kwenye mabaraza yote muhimu ya vita vile. Robert de Clari alikuwa askari wa farasi wa hali ya chini kutoka Picardy, kaskazini mwa Ufaransa, aliyemfuata bwana wake Pierre wa Amiens. Niketas Choniates alizaliwa Chonai, Asia Ndogo, akapanda katika utumishi wa serikali ya Bizanti, yaani dola ya Wakristo wa Mashariki waliosema Kigiriki, mpaka akawa miongoni mwa mawaziri wakuu. Mji ulipoanguka alikuwa na mke mjamzito, watoto, na nyumba yake kubwa ilikuwa imeshateketea kwa moto wa mwaka uliotangulia.

Watu wengi huanza na Villehardouin. Ni mfupi, ananyooka, na tafsiri zake za zamani hupatikana bila malipo mtandaoni. Mimi naona huko ni kuanza vibaya, na nitaeleza kwa kuwapitisha wote watatu katika mambo yale yale.

Deni lililozaa yote

Mapema mwaka 1201 wajumbe sita wa makabaila wa Ufaransa walikwenda Venice kukodi vyombo vya kuwavusha. Villehardouin alikuwa mmoja wao. Mkataba waliofunga na Doge, mtawala wa Venice, Enrico Dandolo, mzee aliyekuwa kipofu, ulikuwa hivi: kusafirishwa kwa askari wa farasi 4,500 na farasi wao 4,500, wasaidizi 9,000 na askari wa miguu 20,000, pamoja na chakula cha miezi tisa. Bei ni marki 4 za fedha (marki ni kipimo cha uzito) kwa kila farasi na marki 2 kwa kila mtu. Piga hesabu mwenyewe: farasi ni marki 18,000, watu 33,500 ni marki 67,000, jumla 85,000. Venice ingeongeza merikebu 50 za kivita kwa gharama yake, nayo ipate nusu ya kila kitakachotekwa.

Haya tunayapata kwa Villehardouin, na katika mambo ya mikataba hana mpinzani. Ndiye pia anayetuambia kwamba lengo la siri lilikuwa kuishambulia Misri, huku watu wa kawaida wakiambiwa tu kwamba wanakwenda ng'ambo ya bahari.

Mwaka 1202 ulipofika, waliojitokeza Venice walikuwa pungufu mno. Hata baada ya wakubwa kutoa vyombo vyao vya dhahabu na fedha, deni lilibaki marki 34,000. Villehardouin anawashukia kwa maneno makali wale waliokwenda kupandia bandari nyingine, kana kwamba wao ndio waliovunja safari. Lakini hesabu ile ya watu 33,500 ilikadiriwa na nani? Na yeye na wenzake watano. Jambo hilo halitamki popote, wala hajiulizi. Msomaji anayeanza naye humaliza ukurasa akiwa amewakasirikia watoro, bila kumkumbuka aliyeweka sahihi.

Sasa msikilize Robert. Takwimu zake za mkataba ni ovyo, usizinakili mahali popote. Ila yeye alikuwa kisiwani, kwenye kambi ya mchangani nje ya Venice ambako jeshi liliwekwa. Anasimulia Doge akitishia kwamba hawataondoka wala hawataletewa chakula na maji mpaka deni lilipwe, kisha anakiri kwa haki kwamba chakula kiliendelea kuletwa. Anasimulia jinsi jeshi lilivyoshangilia usiku liliposikia kwamba safari imepatikana, watu wakawasha mienge juu ya mikuki mpaka kambi nzima ikaonekana inawaka. Halafu anaongeza jambo ambalo Villehardouin asingeweza kuliongeza: kwamba mpango wa kulipia deni kwa kuuteka mji wa Zara waliujua wakubwa tu. Waliokuwa wakishangilia hawakujua wanashangilia nini.

Zara, leo Zadar nchini Kroatia, ulikuwa mji wa Wakatoliki chini ya mfalme wa Hungaria, ambaye naye alikuwa ameapa kwenda vitani chini ya msalaba. Abati wa Vaux-de-Cernay, yaani mkuu wa monasteri hiyo ya Ufaransa, alisimama mbele ya jeshi akakataza kwa jina la Papa mji huo usiguswe. Uliguswa, ukaanguka Novemba 1202. Kabaila Simon de Montfort na wengine wakajitenga. Kwa Villehardouin, hao waliokataa kumwaga damu ya Wakristo wenzao ni watu waliotaka jeshi livunjike, na atalirudia shtaka hilo kitabu kizima. Hapo ndipo ninapomwogopa kama mwalimu wa kwanza: anasimulia kwa utulivu mkubwa, na utulivu wake unamfanya msomaji akubali kwamba uzima wa jeshi ndilo jambo kuu kuliko yote.

Niketas juu ya Zara na deni anapita haraka. Hakuwepo. Anachokiona kwake ni Dandolo, ambaye anamtaja kwa chuki isiyofichwa kuwa chanzo cha mabaya yote. Kwa sehemu hii ya habari hafai kuwa kiongozi wako.

Mji ulivyoonekana

Kilichowapeleka Konstantinopoli ni ahadi. Kijana Alexios, mwana wa Kaisari Isaac aliyekuwa amepinduliwa na kupofushwa macho na nduguye mwaka 1195, aliwaahidi marki 200,000, askari 10,000 wa kwenda nao Misri, na Kanisa la Mashariki kuwekwa chini ya Roma, mradi wamrudishe baba yake na yeye mwenyewe kwenye kiti. Juni 1203 wakafika.

Ukurasa mzuri kuliko yote wa Villehardouin uko hapa. Wasafiri wanatazama kuta ndefu, minara, majumba na makanisa ambayo hawakudhani yanaweza kuwepo duniani, na anasema hapakuwa na mtu jasiri kiasi gani ambaye nyama ya mwili wake haikutetemeka. Ni sentensi ya mtu aliyekuwepo, na ningemsomea mtu yeyote.

Robert kwa upande wake anatupa kitu kidogo zaidi ambacho mimi nakipenda zaidi. Siku Kaisari yule aliyempindua nduguye alipotoka na jeshi lake kubwa kupambana, Wafaransa walikuwa wachache mno, basi wakawapanga hata wapishi na watunza farasi. Hao walijifunga magodoro na matandiko ya farasi mwilini, wakavaa vyungu vya shaba kichwani, wakashika michi ya jikoni, na walitisha kwa ubaya wa sura mpaka askari wa miguu wa Kaisari wakaingiwa na hofu kuu. Villehardouin alikuwepo siku hiyo. Wapishi hawamo kwake.

Tena ni Robert peke yake anayemleta mtu wa Afrika ndani ya habari hii. Anasema, baada ya kijana Alexios na baba yake kurudishwa kwenye kiti, makabaila walipokuwa jumbani kwa Kaisari, aliingia mfalme mweusi mwenye alama ya msalaba iliyochomwa katikati ya paji la uso. Kaisari akainuka kumlaki, akawaambia kwamba huyu ni mfalme wa Nubia aliyekuja kuhiji. Kwa njia ya mkalimani alieleza kwamba nchi yake iko mwendo wa siku mia moja kupita Yerusalemu, kwamba watu wake wote ni Wakristo na mtoto akibatizwa huchomwa alama ile, na kwamba aliondoka na watu 60, akafika Yerusalemu na kumi, na sasa wamebaki wawili. Alitaka kwenda Roma, kisha hekalu la Mtakatifu Yakobo huko Hispania, ndipo arudi Yerusalemu afie huko. Nubia ya Kikristo, katika Sudan ya leo, ilikuwa dola ya kweli yenye makanisa na maaskofu kwa karne nyingi. Katika kitabu kinachojaa Wafaransa, Waveneti na Wagiriki, hija ya mtu huyu inatimiza kile ambacho jeshi zima lilikuwa limeapa kukifanya.

Moto, ukuta na siku tatu za uporaji

Agosti 1203 moto mkubwa uliteketeza sehemu kubwa ya mji. Nani aliuwasha? Villehardouin anasema hajui. Niketas anajua, na anaeleza kirefu: kundi la Wamagharibi lilivuka maji kwenda kupora msikiti uliokuwemo mjini. Waislamu wakajitetea kwa chochote walichoshika, majirani zao Wagiriki wakaja kuwasaidia, nao wavamizi waliposhindwa wakatia moto. Wengi wetu tulifundishwa Vita vya Msalaba kama mpambano wa pande mbili zilizonyooka, Wakristo huku, Waislamu kule. Hapa Wakristo wa Konstantinopoli wanasimama na Waislamu mlangoni mwa msikiti dhidi ya watu waliovaa msalaba. Ningependa kila anayeufundisha mlango huu wa historia, shuleni au madrasani, ausome ukurasa huo.

Kijana Alexios alishindwa kulipa alichoahidi, akanyongwa na mpinzani wake mwanzoni mwa 1204, na jeshi likaamua kuuteka mji kwa faida yake lenyewe. Shambulio la tarehe 9 Aprili lilishindwa. La tarehe 12 lilifaulu, na hapa Robert hana mfano. Kundi dogo lilikuwa limetoboa tundu chini ya ukuta. Ndani walionekana watu wengi mno, hakuna aliyethubutu kuingia. Ndugu yake Robert, Aleaumes, ambaye alikuwa mtu wa Kanisa, akasema ataingia yeye. Robert akamzuia, akamshika mguu na kumvuta nyuma. Aleaumes akaponyoka akaingia kwa kutambaa, akachomoa kisu, na Wagiriki wakakimbia. Ukisoma hapo unaisikia hofu ya ndugu kwa ndugu, jambo ambalo historia nyingi za vita hulipa kisogo.

Kisha mji ukaporwa siku tatu. Villehardouin anasema ngawira ilikuwa kubwa kiasi kwamba tangu dunia iumbwe haijawahi kupatikana kama hiyo katika mji mmoja. Anaorodhesha dhahabu, fedha, vito, hariri na manyoya. Wanawake wa mji, makanisa yaliyonajisiwa, wazee waliouawa, hao anawapita.

Niketas hapiti. Anaandika nyumbu walioingizwa Hagia Sophia, kanisa kuu la mji, kubebeshwa vyombo vya ibada, wakateleza na kuanguka juu ya sakafu ya marumaru. Kahaba aliyekalishwa kwenye kiti cha Patriaki, mkuu wa Kanisa la Mashariki, akaimba. Vilio vya wanawake njiani na majumbani. Yeye na familia yake waliokolewa na mfanyabiashara wa Venice, rafiki wa nyumbani, aliyejifanya ni mtekaji aliyekwisha kuwachukua. Siku ya tano baada ya mji kuanguka wakaondoka kwa miguu, wanawake wakiwa wamepakwa matope usoni ili wasivutie macho. Njiani askari mmoja akamnyakua binti wa hakimu mbele ya baba yake mgonjwa, aliyeanguka matopeni akilia. Niketas, mtu wa ofisini asiye na silaha, akamfuata askari huyo, akawasihi askari wengine wa Kilatini, yaani wa Magharibi, waliokuwa karibu, akawashika hata mikono, mpaka wakamlazimisha mwenzao kumwachia binti. Sijui ukurasa wa Vita vya Msalaba unaoushinda huu kwa ujasiri.

Na anatoa kipimo chake waziwazi. Waislamu walipoitwaa Yerusalemu mwaka 1187, anasema, hawakuwatenda Walatini hivi. Waliwaacha waondoke kwa fidia. Maneno hayo yameandikwa na Mkristo, kuhusu Wakristo, na mtu ambaye hakuwa na sababu ya kuwapendelea Waislamu.

Anaomboleza pia sanamu za shaba za kale zilizoyeyushwa ili ziwe sarafu. Ile ya Heracles, shujaa wa hadithi za Kigiriki, iliyotengenezwa na mchongaji wa kale Lysippos, ilikuwa kubwa kiasi kwamba kamba ya kuzungushia kidole gumba chake ingemtosha mtu kiunoni. Kichwa peke yake cha sanamu ya mungu wa kike Hera kilihitaji jozi nne za ng'ombe kukivuta. Farasi wanne wa shaba walinusurika kwa sababu walipelekwa Venice, na wako huko hadi leo.

Kuhusu mgawo wa ngawira, wasome Wafaransa wawili pamoja. Villehardouin: mali ilikusanywa makanisani, askari wa farasi akapata mara mbili ya sajini mwenye farasi, na huyo mara mbili ya wa miguu, walioficha waliadhibiwa, mmoja akanyongwa ngao yake ikiwa shingoni. Robert: wakubwa walijichukulia vito na dhahabu na majumba mazuri kabla wadogo hawajajua, na maskini waliopigana hawakugawiwa ila fedha ya kawaida, kama mitungi ambayo wanawake wa mji walikwenda nayo bafuni. Hapa namwamini Robert. Hana cheo cha kulinda, na wakati huo huo hawachukii wakubwa wake. Mahali wanapostahili sifa anawasifu.

Kasoro na upatikanaji

Niketas ndiye mgumu kuliko wote. Kigiriki chake ni cha kisomi, na hata katika tafsiri amejaa maneno ya mshairi Homer na ya Biblia. Hasira yake humfanya arefushe. Kitabu chake kinaanzia mwaka 1118, na mgeni akianzia ukurasa wa kwanza atachoka kabla ya kuiona merikebu moja ya Venice. Lakini ana sifa inayonifanya nimwamini: anawalaani watawala wake mwenyewe kwa anasa, uzembe na woga kwa ukali ule ule anaowalaani wavamizi. Sehemu kubwa alikuwa ameshaiandika kabla ya maafa, akairudia akiwa mkimbizi katika mji wa Nicaea, Asia Ndogo, na ukali dhidi ya makaisari ukazidi.

Robert anaamini kila anachoambiwa. Atakueleza kwa moyo mweupe juu ya bomba dogo lililoning'inia kwenye mlango wa Hagia Sophia na kunyonya maradhi ya mtu akilitia mdomoni. Historia yake ya makaisari waliotangulia ni masimulizi ya kambini. Kitabu chake kimetufikia kwa nakala moja tu ya mkono, iliyoko Copenhagen. Wachapishaji wamekigawa katika sehemu 120, nyingine nusu ukurasa, kwa hiyo jioni chache zinatosha. Villehardouin ana sehemu 500, nazo ni fupi pia.

Wafaransa hawa wawili waliandika Kifaransa cha kale, na msomaji wa Kongo au Burundi aliyesoma kwa Kifaransa atawapata katika Kifaransa cha leo, karibu na sauti yao. Wote watatu wapo kwa Kiingereza.

Kwa hiyo chagua hivi. Ukiwa na muda wa kitabu kimoja, chukua Robert: utapata habari nzima, kutoka Venice hadi mgawo wa ngawira, na hutadanganywa ila katika hesabu na katika yale aliyosimuliwa na watu. Ukiwa mwalimu, au unaandaa mazungumzo kati ya Wakristo na Waislamu, chukua Niketas, na uanzie pale Alexios wa Tatu, ami wa kijana Alexios, anapomng'oa ndugu yake Isaac mwaka 1195. Yaliyo kabla ya hapo yanaweza kusubiri. Ukiwa mtafiti wa siasa, mikataba na namna maamuzi mabaya yanavyopitishwa na watu wenye heshima, Villehardouin ni wako, lakini baada ya Robert. Soma mkataba wa Venice kwa Villehardouin, kisha rudi kwenye kambi ya kisiwani kwa Robert, ndipo uendelee na Zara.

Ukishawamaliza, mtu wa nne wa kumtafuta ni Anna Komnene, aliyekuwa msichana wa miaka kumi na miwili au kumi na mitatu majeshi ya Vita vya Kwanza vya Msalaba yalipoanza kufika Konstantinopoli mwaka 1096. Atakuonyesha jinsi mji ule ulivyowaogopa wageni hao zaidi ya miaka mia moja kabla hawajauvunja.